Dirisha Namba Mbili

Kalunde hakutaka studio. Hakutaka pazia langu
lenye maporomoko ya maji na bata wawili.
"Nipige hapahapa," alisema, "kwenye kiti changu,
na balbu yangu ionekane."
Kesho anastaafu. Miaka ishirini na tisa
stesheni ya Tabora, dirisha namba mbili,
mkono mmoja kwenye muhuri, mwingine kwenye chenji.

Nikapiga. Flashi ikaingia ofisini
kama mgeni asiyebisha hodi,
aliyezoea kuongea na jua tu, na kwa sauti ya jua.
Nyuma, kuta zilibaki rangi ya chai iliyokolea;
mbele, uso wake ukatoka wa samawati, umepauka,
samaki wa barafu.
Akautazama kwenye kioo cha kamera.
"Huyu," akauliza, "amezikwa lini?"

Ukifika kwa wenye chongo, walisema, nawe fumba jicho.
Nikatoa mfukoni kipande cha jeli,
cha machungwa, kimekunjamana,
pembe moja imeungua tangu harusi ya Isevya,
nikakibandika kwa seloteipu juu ya jicho la flashi.
Ukikiinua kwenye mwanga
ni asali ya Sikonge ndani ya chupa.
Kisha nikaiambia kamera: sahau jua.
Humu ndani, nyeupe ni hii ya balbu.

(Nakiri: mara moja nilisahau kukibandua.
Kesho yake, jua la saa nne, darasa la saba,
picha za vitambulisho:
watoto arobaini na mmoja, wote mapapai.
Mwalimu Mhoja hanisalimii mpaka leo.)

Jeli hula mwanga
kama dalali anavyokula asilimia yake,
kwa hiyo nikaiongezea flashi nguvu, betri zikalia,
nikaiacha shata wazi kitambo kidogo zaidi
ili balbu nayo ipate zamu ya kusema.
"Usitikisike. Hata kupumua, acha."
"Nimezoea," akajibu.
"Treni ikichelewa huwa sipumui."

Safari hii flashi ilibisha hodi.
Ilisalimia kwa lafudhi ya mle ndani,
na usingejua nani mgeni, nani mwenyeji:
shavu lake lilikuwa kahawia lake, lilelile,
kitabu cha nauli cheupe,
wino wa muhuri zambarau mpaka kwenye kucha,
na kile kikovu cha kidevuni
ambacho alikuwa amejisahaulisha,
nacho kimekaa mahali pake, hakikupigiwa kelele.

Lakini taa mbili huziridhishi kwa karatasi moja.
Nje, jukwaani, kuna tyubu ndefu
isiyowahi kuelewana na balbu ya Kalunde.
Kupitia kioo cha dirisha, abiria wa Mpanda,
waliolala juu ya mabegi na viroba vya karanga,
walitoka rangi ya bluu inayokwenda kijani,
kama watu walioketi chini ya maji.
Nikaanza kujitetea: ningepata ruhusa kuizima ile tyubu,
au ngazi, na jeli ya kutosha kuivalisha yote,
ningekuwa na flashi ya pili, ningekuja jioni
kabla hawajaiwasha...

Akanishika mkono.
Aliitazama picha kwa muda mrefu,
si uso wake, wale wa nje.
"Waache hivyo," akasema.
"Miaka yote nimewaona vilevile kutoka hapa.
Nilidhani ni macho yangu."

Mtu aligonga kioo kwa sarafu.
Kalunde akavaa miwani, akavuta droo,
akauza tiketi tatu za Kaliua, mtu mzima mmoja, watoto wawili.
Nikabandua jeli taratibu, isichanike.
Ilikuwa bado na joto.