Ndimi

Kabla jina lake halijaandikwa kwa taa
Gudveig alikata ndimi.
Miaka tisa, aproni ya mpira ikigusa buti,
kichwa cha chewa kimechomekwa kwenye msumari,
kisu mara moja, fyu, ulimi ndani ya ndoo.
Watoto wote wa Skarvøya walifanya hivyo Februari,
jua likiwa bado mgeni
anayechungulia mlangoni saa sita na kuondoka.
Ila yeye alikata akiimba,
na wapakiaji wakazima mashine wamsikie.
Msimamizi alimkata posho mara mbili.

Mimi nilikuwa mvulana wa ndoo ya pili.
Baadaye nikawa mpiga besi, dereva, mtunza hesabu,
na mtu wa kuambiwa, "Oddmund, nyamaza kidogo, nafikiri."

Kwetu sisi neno "mimi" ni sauti moja tu, fupi,
kama ya mtu aliyekanyagwa kidole cha mguu.
Bwana Fougner wa Oslo, mwenye studio na mbwa wawili,
akasema: hiyo haiuziki.
Nani atacheza dansi na mtu aliyekanyagwa?
Imba kama watu wa mjini.
Akaimba.
Wiki kumi na moja redioni. Koti la manyoya, meno mapya,
sura yake kwenye kopo la kahawa.

Mcheza kwao hutunzwa, nikawaza,
tukarudi Skarvøya na basi jipya, rangi ya maziwa.
Ukumbi ulifurika.
Walipiga makofi na glavu mikononi.
Mama yake alikaa safu ya nyuma, pochi mapajani,
kama mtu anayesubiri feri.
Mwishoni aliuliza tu:
"Yule anayesema ndani ya wimbo ni nani?"

Usiku ule Gudveig hakulala.
Alikaa kwenye ngazi za basi akisema "mimi", "mimi",
kwa sauti ile ya kukanyagwa,
mpaka mbwa wa jirani akaanza kumjibu.

Mwaka uliofuata, mbele ya kamera za taifa,
aliimba kwa ulimi wa nyumbani.
Tukashika mkia. Pointi mbili,
na moja, nasikia, ilitokana na kosa la kuhesabu.
Fougner hakupokea simu tena.
Kisha barua zikaanza, magunia ya barua:
mpishi wa meli, mapacha wa Vadsø,
mjane wa Mo i Rana aliyeandika nyuma ya bili ya umeme
maneno matatu: Umeimba nilivyo mimi.
Hayo ni manne. Hata yeye hakujua kuhesabu.

Miaka thelathini na moja baada ya hapo
sina la kuisimulia ila barabara.
Kumbi za mbao, mahema ya Julai, kahawa ya chupa,
feri iliyotuacha tukiiona.
Ndoa zake mbili zilipita dirishani
kama vituo ambavyo basi halisimami.
Sikuwahi kumwambia kitu. Nilikuwa naendesha.

Tromsø, daktari alimwonyesha koo lake kwenye kioo:
kivimbe, punje ya mchele, si zaidi.
Wakakikata.
Alipozinduka aliomba kalamu, akaandika:
Walilipwa kiasi gani kwa kilo?

Sasa tunakwenda gatini Februari, wazee wawili,
tunasimama pale vichwa vinapomwagwa.
Msichana mmoja, nyaya masikioni, anakata vibaya;
Gudveig anavua glavu,
anamgeuzia kisu mkononi, bila neno, maana neno hana.
Msichana anatoa waya mmoja.
"Zamani ulikuwa unafanya kazi gani?"

Gudveig ananitazama mimi.
Nina picha, nina rekodi kumi na nne darini,
nina kila kitu cha kusema.
"Basi," nasema. "Tulikuwa na basi."

Anacheka. Hakuna sauti,
mvuke tu unamtoka kinywani, mwingi,
na msichana ameshachomeka kichwa kingine.