Mbio za Akina Baba

Kosa lilianza mezani, juu ya maharage ya kopo.
Nilisema, wala hakuna aliyeniuliza,
kwamba nilipokuwa darasa la sita
nilishika namba moja mbio za mita mia, tarafa nzima.
Zuwena aliacha kijiko hewani.
"Tarafa nzima ni kubwa kama Huddersfield?"
"Kubwa zaidi," nikajibu,
na uongo ukavuta kiti, ukakaa nasi.

Kufikia Jumatatu alikuwa amemwambia mwalimu,
mzee wa kuvusha watoto barabara,
na yule mama wa jikoni anayemwongezea viazi.
Mama yake akanitazama tu,
mtazamo wa mtu anayeijua tarafa hiyo
kwa sababu na yeye katoka huko.

Ijumaa, siku ya michezo. Mvua ya Yorkshire,
ile isiyonyesha wala kuacha kunyesha,
inakulowesha kwa adabu.
Tukajipanga mstarini, kina baba watano:
Gareth, mashavu ya miguu kama mitungi ya gesi;
Tomasz na viatu vyenye misumari chini
(kumbe wapo wanaojiandaa);
Bwana Sandhu, tai kaichomeka shatini;
kijana mmoja na mtoto mchanga kifuani, amelala;
na mimi, moja kwa moja kutoka zamu ya usiku ghala la biskuti,
suruali ya kazi ambayo kamba yake
ilizama kiunoni mwezi Machi, haijaonekana tena.

Filimbi.

Hatua tano, wallahi, hatua tano
niliongoza.
Nikasikia "Baba!"
na Huddersfield ina baba wengi,
lakini anayeitwa hivyo, tena kwa lafudhi ya Yorkshire,
uwanja ule alikuwa mmoja.
Hatua ya sita suruali ikaanza safari yake yenyewe.
Mkono ukaenda kuiokoa,
mguu ukauliza mkono unakwenda wapi,
na mita kumi kabla ya utepe
nikala mweleka
mbele ya walimu, mbele ya mwenyekiti wa wazazi,
mbele ya Mungu na beseni la machungwa yaliyokatwa.
Mbio za sakafuni, angesema bibi yangu,
ila bibi hakuwahi kuona nyasi za huku zinavyoteleza.

Yule wa mtoto kifuani akanipita taratibu.
Mtoto akafumbua jicho moja, akaniona, akalifumba.

Zuwena alikuja mbio, mbio za kweli,
ungemwona ungejua karithi kwa mama yake.
Akachuchumaa. Akanipangusa tope puani kwa mkono wa sweta
kama ninavyompangusa yeye makamasi.
Kisha akabandua stika kifuani pake,
akanibandika mimi, kichwa chini miguu juu,
akaipiga kofi ishike.

Tukarudi nyumbani kwa miguu, kilima kile kirefu.
Akauliza bila kunitazama:
"Tarafani mlikimbia wangapi?"
"Wawili."
"Na mwenzako?"
"Alirudi kufuata kandambili."
Akafikiri mpaka kituo cha basi.
"Bado ni namba moja," akasema.

Jioni, nikivaa viatu vya kazi,
nikamsikia ng'ambo ya ukuta akimsimulia mama yake:
Baba aliteleza kwa sababu ya kasi,
na hakuna baba mwingine
aliyeanguka vizuri kama yeye.

Stika niliisahau.
Saa sita usiku, kati ya maboksi,
msimamizi wangu Doreen akavaa miwani,
akapinda shingo, akaisoma kinyumenyume:
"Leo nimemaliza chakula changu chote."
"Hongera," akasema. "Ulikula nini?"

Nikatafuta Kiingereza cha mweleka.
Sikukipata.
Nikamwambia, viazi.