Mizani

Siku ya kuniaga wodini walinipa saa ya ukutani
na keki yenye jina langu, Dokta Nkwimba, herufi moja imeruka.
Nikaomba kitu kimoja tu: ile mizani ya kuning'iniza,
yenye uso mviringo na suruali ya turubai
ambamo miaka yote hiyo tumeingiza miguu ya watoto.
Mhasibu akasema ni mali ya serikali.
Haya.

Malenga hupima mishororo kwa mizani, nane kwa nane.
Yangu ilikuwa ya gramu.
Miaka miwili, kilo sita na gramu mia mbili:
ubeti huo nimeusoma Maradi jangwani,
nimeusoma Bihar, nimeusoma Haiti chini ya hema linalovuja,
lugha mbalimbali, kina kilekile.
Mama mmoja wa Maradi alinishika kiganja, akatamka neno
ambalo hadi leo silijui maana.
Nilimwitikia.

Lakini nilianzia Sengerema, mwaka wa themanini na sita,
na shahada mpya na huruma isiyo na kipimo.
Wakamleta Lugola. Miguu imevimba, inang'aa;
nikabonyeza kwa kidole gumba, shimo likabaki
kama unyayo kwenye tope la Busisi.
Nywele rangi ya kutu. Hakulia.
Wanaolia bado wana akiba.
Nikampa maziwa, akanywa. Nikampa tena.
Nikatundika dripu, nikaona nimefanya kazi,
nikaenda kulala.
Saa kumi alfajiri moyo wake, uliozoea kubeba kidogo,
ukaelemewa.
Hakuna aliyenilaumu. Muuguzi Perusi alimfumba macho,
akaandika kitabuni: utapiamlo.
Ilikuwa mimi.

Tangu hapo nahesabu mililita.
Kikombe kidogo kila baada ya saa mbili, usiku kucha,
na maji ya sukari kabla jogoo hajawika.
Madaktari vijana waliniita Mkono wa Birika,
wakidhani sisikii.
Sikuwaeleza.

Ila hesabu zangu zote hazikuwahi kufika Mwaloni.
Pale Kirumba dagaa wameanikwa hadi jicho linachoka,
mchanga wote unameta,
na Kabula anawageuza kwa fagio tangu kumepambazuka.
Mgongoni kafunika mtoto kwa khanga, wala si kwa sababu ya jua.
Nikaufunua mkono. Niliuzungusha kwa vidole viwili,
na vidole vikabakiwa na nafasi.
Magunia yanapakiwa: haya ya Kongo,
yale ya kiwanda cha chakula cha mifugo.
Minofu ya sangara ilishapanda ndege asubuhi.
Nyumbani kwake ni ugali wa muhogo na mlenda.
"Nawe hupati hata konzi moja?"
"Wanapimwa kwenye mizani, dokta."

Kisha kwa sauti ya chini, akitazama fagio:
mama mkwe anasema kambemenda mtoto.
Neno hilo nimelikuta kwenye kila kitanda,
limetangulia mbele yangu kama mgonjwa wa zamani.
Nikamwambia: hukumbemenda.
Ana njaa, basi. Nawe unafanya kazi juu ya samaki.
Akacheka kidogo, ndipo akalia,
na msimamizi akapiga filimbi.

Alikaa wodini siku ishirini na tatu, yule mtoto.
Siku ya kumi alimng'ata muuguzi, tukashangilia.
Kabula akarudi Mwaloni. Arudi wapi tena?

Sasa nimestaafu, nipo Nyegezi, nafuga kuku sita.
Utepe wa kupimia mikono bado umo pochini,
nyekundu, njano, kijani;
harusini watu huwaficha wajukuu zao nikipita.
Jana nilinunua mfuko wa chakula cha kuku, nikaufungua,
harufu ikanipanda puani, naijua.
Nikasimama uani mfuko umeninyong'onyeza mikono,
nao wakinizunguka miguuni,
wanadonoa viatu,
wananihimiza.