Siku ya Kumi na Moja

Jana eda imeisha. Leo nimemtangulia mwadhini,
nimeketi juu ya mbuzi, nazi sita miguuni,
na Langoni yote imelala
isipokuwa pampu ya maji ya jirani, inakohoa.

Sijakuna nazi kwa ajili ya kichwa changu
tangu Lali aondoke. Nilikuna za wali,
za samaki wa kupaka, za watu waliokuja kunipa pole
wakaomba waongezewe mchuzi.

Miezi minne na siku kumi nimeoshea mkunazi,
majani makavu yaliyotwangwa, harufu yake haimwiti mtu.
Nayajua majani hayo. Ndiyo yale yale
yaliyotiwa katika maji yake ya mwisho,
na mfuko ulipobaki nusu
Wifi Mwanatumu aliuweka rafuni kwangu, asiseme neno.
Basi tumeoshwa kwa fungu moja, mimi na yeye.
Yeye siku moja tu. Mimi kila Ijumaa.

Kifumbu kimejaa, nakamua.
Tui la kwanza zito, la pili la kujikongoja,
yote sufuriani, moto mdogo, na subira,
maana mafuta hayaji kwa kuitwa:
kwanza povu, kisha kelele,
kisha tui linakatika, linajitenga na nafsi yake,
chembe zinazama chini rangi ya kahawia
na juu panatulia, panang'aa, unaona uso wako.

Niliuona. Kisha nikaenda kwenye kioo kuhakikisha.
Hina yangu ya mwisho imeteremka hadi masikioni
na juu yake nyeupe, upana wa vidole vitatu.
Kumbe kalenda ya duka la saruji niliipigia mistari bure.
Nywele zilikuwa zikihesabu.

Uwatu nimeukaanga. Wifi husema urowekwe usiku kucha;
tumebishana miaka kumi na tisa
na nywele zake ni ndefu kuliko zangu, sitaki kulizungumza.
Habasoda kijiko. Karafuu tano, au saba, mkono ulivyotaka.
Asumini ya Rukiya nikaitia mwisho, moto umeshazimwa,
na nyumba ikashtuka:
ilikuwa imesahau kwamba humu anakaa mwanamke.

Chupa ndiyo shida. Vifuniko vimepotea, watoto wa watu.
Ipo moja nzima, ya kahawa, juu ya friji
aliyoifufua mara nne, na imejaa skurubu zake.
Nikazimwaga juu ya gazeti: fupi, ndefu, zenye kutu,
na ufunguo mmoja wa kitu ambacho hatuna.
Nikaisugua kwa majivu. Nikaisuza. Nikainusa.
Chuma kidogo bado. Nikamimina.

Baada ya alasiri Wifi akaja na shanuo lake la mti.
"Ndoo, kaa kitako."
Nikakaa katikati ya magoti yake kama msichana wa chuoni,
mafuta vuguvugu yakishuka nyuma ya sikio hadi shingoni,
na vidole vyake, vidole vya ukoo wao,
kile cha kati kimepinda kama chake.

"Nikusuke mtindo gani?"
Nywele zimepungua, mistari michache tu itashika.
"Twende kilioni," akasema,
kisha mikono ikasimama kichwani mwangu
akasikia alichokisema.

Pampu ya jirani ikanyamaza. Hata yeye hakupumua.
Kikanipanda kutoka tumboni, sikujua ni kilio au nini,
kikatoka kicheko, cha aibu, cha makamasi.
"Huko nimetoka, Wifi. Wewe suka tu."
Akasuka. Akacheka. Akanivuta nywele hadi machozi,
na hatukuulizana machozi ya nani.

Sasa ni usiku, baridi ya Julai, mafuta yameganda meupe.
Nimeinua chupa kwenye taa, nikaigeuza:
chini kabisa, imelala kwenye kioo,
skurubu moja niliyoisahau.
Sikuitoa.
Kila nikichota, nitaikaribia.