Mchora Ramani wa Dorcas Pelley

Riwaya kumi na moja ni zake, ramani kumi na moja ni zangu.
Jina langu hulioni: limejibanza chini ya dira,
herufi ndogo kama mayai ya chawa.

Miswada ilinijia ndani ya sanduku la viatu vya mpira,
imekazwa kwa uzi wa nyavu, fundo ambalo
nilijifunza kulifungua kwa meno.
Juu yake maagizo, kwa penseli:
*Milima kaskazini. Mto upande juu, usiniulize.
Mashariki acha ghuba hii tupu. Usiipe jina.*
Na ukingo wa ghuba ameuchora mwenyewe,
kila mara uleule, bila kuinua mkono.

Nikatii. Kazi ni kazi, na mke wangu alikuwa mjamzito.

Katika kitabu cha kwanza nyumba inatembea usiku
kwa miguu ya mapipa.
Katika cha pili ni kanisa, limeketi mgongoni mwa nyangumi,
kengele inajilia kila wimbi linapopiga.
Cha tatu sikielewi hata leo: mfalme mwenye jino bovu
anatia sahihi hati asizozisoma,
na kwa kila sahihi, mahali fulani, jiko linazimika.
Kisha mama anayerudi kuchukua sufuria
akakuta mlango umehama.
Kisha vita, vitabu vinne vya vita,
na ndani ya kila kimoja mtoto yuleyule
anayehesabu madirisha, na moja halipo.

Majoka yapo, ndiyo. Wachapishaji walitaka majoka.
Ila ya kwake hufika yamechelewa, yamechoka,
yakibisha hodi na kuuliza idadi ya watu
kama makarani wa sensa.

Wahakiki wakasema anajirudia.
Mmoja wa Toronto aliandika: chungu ni kimoja, anabadili kuni tu.
Gazeti nilimpelekea mwenyewe. Alikuwa anaparua samaki.
Akalisoma mpaka mwisho, akafungia vichwa vya samaki humo,
akafuta mikono.
"Ambrose, ukishang'olewa jino,
ulimi wako hushinda wapi?"

Sikumjibu. Nina pengo langu mimi pia,
na ulimi ulikuwa humo.

Alifariki Machi, barafu haijaliachia gati.
Julai nduguye, Hedley, alinipakia kwenye boti
wala hakusema twendako.
Tulipoizunguka rasi, mkono wangu uliijua kabla ya macho:
pindo lile, kidole kile cha mwamba,
ghuba niliyoiacha nyeupe mara kumi na moja.

"Serikali ilituhamisha," akasema Hedley,
"Dorcas ana miaka tisa.
Tulizifunga nyumba mapipa, tukaziburuta majini.
Yetu ilivuka, imepungua dirisha moja.
Ya shangazi ilizama pale, na jiko lake ndani.
Alikuwa hajalizima. Alisema atapikia huko tuendako."

Hakuna cha kuona. Ngazi tatu za mawe
zinapanda kwenda hewani.
Mnanaa umemea bila mwenyewe.
Nilikanyaga nikasikia harufu ya chai ya mtu.

Sasa mswada wa kumi na mbili uko mezani kwangu.
Umekatika: *Na walipomaliza kuhesabu madirisha*,
hakuna nukta, ni doa la mafuta tu.
Maagizo hakuacha.
Mchapishaji anataka ramani Ijumaa.

Milima nimeichora. Mto nimeupandisha.
Ukingo wa ghuba umetoka wenyewe, kama jasho.
Na jina lake nalijua: Hedley alilitamka mara mbili,
injini imezimwa, ametazama upande mwingine.

Nimechonga penseli.
Nimeichonga tena.