Kuvusha Ng'ombe, Ziwa Chadi

Majani ya kisiwa yakiisha hatuhesabu siku,
tunamtazama Kelu. Akigeuza zile pembe zake nene,
zilizovimba kama vibuyu, kuuelekea upepo,
nyumba zinafungwa: mikeka, vyungu, bonge la magadi,
kuku miguu juu, wakilalamika.

Ndugu yangu Mbodu ana miaka tisa.
Leo ni zamu yake kuogelea nyuma ya kundi.
Bibi Yagana amemchongea gogo la kuelea,
mti mwepesi kuliko tumbo la mwezi wa njaa,
akalipaka siagi, akalitemea mate mara tatu,
akampa maneno aliyompa mumewe:
Usimwite ng'ombe kwa jina katikati ya maji.
Maji yana masikio, na hayana adabu.

Baba ametangulia na mtumbwi wa mafunjo
aliousuka juzi, bado unanukia ubichi.
Kelu anaingia. Nyuma yake arobaini na mmoja.
Zinabaki pua na pembe,
msitu mweupe unaojihamisha.

Sisi ufukweni kimya. Huko mbele
ndiko babu alikochukuliwa, kabla sijazaliwa,
na kila mwaka bibi hulipa ziwa maziwa
ili lisidai tena.

Basi katikati, penye kina cha hadithi zetu zote,
Kelu akasimama.
Si kwa hofu. Alisimama tu, kwato chini,
maji yakimfika magotini.
Mbodu naye akasimama.
Akayatazama magoti yake. Akatutazama.
Ng'ombe mmoja akajikuna.

Hakuna aliyecheka. Baba akateremka,
akaanza kuukokota mtumbwi topeni
polepole, kama anayemtoa mgonjwa nje kuota jua.

Bibi ndiye aliyepaza sauti:
Lala, mtoto! Lala chini! Ogelea!

Na Mbodu, Mungu amtunze, akalala,
tumbo likiburura matope, gogo kifuani,
akayapiga yale maji machache kwa mikono miwili
mpaka ng'ambo.
Bibi akamwaga maziwa, kibuyu kizima,
wala hakuacha tone la kuonja.

Usiku, kwenye majani mapya,
alimkanda magoti kwa siagi iliyobaki.
Yalikuwa yamechubuka.
Umevuka, akamwambia.
Mimi nimeona.