Viatu vya Huguette Delambray

Nilimjua kwanza kwa viatu.
Kazi yangu ilikuwa shimoni, chini ya ukingo wa jukwaa:
taa moja, daftari la mchezo, shali shingoni,
niwanong'onezee waigizaji waliosahau.
Ukiwa kule, mtu huanzia kwenye soli.

Cha kushoto kilikuwa na kiraka.
Binti wa mfumaji wa Roubaix,
aliingia na sinia, akatua kahawa, akatoka.
Miaka minne mjini Lyon ya sinia, barua, mwavuli wa mwenye nyumba.
"Bwana ametoka."
"Bwana amerudi."
"Bwana amefariki. Karibuni viti."
Sikuwahi kumkumbusha neno. Aliyopewa yalikuwa haba,
akayatunza kama mtu anayehesabu makaa ya mawe mwezi Februari.

Nafasi ya nyota wa kundi aliikariri yote,
akasubiri mwenzake augue.
Mwenzake alikuwa mzima kama nyumbu.

Mwaka wa hamsini na tatu wakampa mjane.
Mchezo wenyewe mbovu, nusu ya viti vitupu,
mvua inatwanga paa.
Sehemu ya tatu, anasoma barua ya mwanawe.
Akanyamaza.
Nikahesabu: tatu, nne, saba.
Kijasho chembamba. Nikanong'ona: "Sasa najua..."
Kisigino kikagonga ubao, mara moja, mbele ya pua yangu.

Koma wewe. Naigiza.

Nikakoma. Ukumbi mzima ukakoma,
hata mzee wa safu ya pili, aliyekuwa akikohoa tangu Krismasi,
akakimeza kikohozi chake.
Kisha, polepole, akaikunja barua bila kuimaliza,
na mtu mmoja huko nyuma akalia kama mtoto.
Hiyo ilikuwa Jumanne. Ijumaa mchezo uliondolewa.

Akaenda Paris. Sinema ikamchukua vipande vipande:
mkono unaofunga dirisha;
sauti, wakambandika Mwitaliano mwenye midomo mizuri zaidi;
na uso, mara moja, sekunde kumi na moja.
Nilikata tiketi tatu. Mara mbili nilimkosa,
maana walimkatia kifuani,
na mimi nilizoea kumsoma kutoka chini kwenda juu.
Mara ya tatu mlango ukafunguka:
"Bwana ametoka."
"Ndiye!" nikasema gizani.
Mama mmoja akanigonga na mkoba.
Jina lilipita mwisho, watu wanavaa makoti,
herufi ndogo, na bado wamelikosea: *Delambre*.

Uzeeni nilimwandikia, nikamuuliza
ile Jumanne alikuwa akiwaza nini.
Jibu lilikuja kwenye kadi, mwandiko unatetemeka:

"Rafiki yangu wa shimoni,
nilikuwa nimesahau. Kila kitu, hata jina la mwanangu.
Niligonga ili urudie.
Kwa mvua ile sikukusikia. Kwa nini hukurudia?"

Kadi ninayo, kwenye droo ya vijiko.
Simwamini.
Mimi nilikuwepo, nilikiona kiatu.